Mabango ya Wilbert Haslett

Mara ya kwanza alikuja na picha ndani ya bahasha,
nywele zimelazwa kwa mafuta, tai imembana koo.
"Devenney," akasema, "najua unasali wapi.
Lakini mashine yako haimwagi wino nje ya mstari.
Nataka mia mbili.
Na neno MUUNGANO liwe kubwa kuliko jina langu."
Nikamwuliza, kubwa kiasi gani?
Akatanua kiganja: shubiri nzima.

Mwaka ule Drumlisk ilikuwa na barabara mbili,
yao na yetu,
na mvua moja.

Nilimchapa akiwa diwani wa mitaro na taa za njiani.
Nilimchapa alipoipeleka habari ya daraja bovu hadi Belfast
akarudi na daraja,
na bendera juu ya daraja, bila shaka,
ila ng'ombe wa mjomba wangu nao walivuka.
Nilimchapa na masharubu, nikamchapa bila masharubu,
nikamchapa mwaka ambao mpwa wake, konstebo,
aliuawa mlangoni pake, chupa ya maziwa mkononi.
Nikasema, wapigakura hupenda meno.
Akasema, "Mwaka huu wachapie mdomo uliofumba."

Sikumpenda. Niliseme hilo mapema.
Jukwaani alizoea kusema "watu wale",
na watu wale tulikuwa sisi,
mama yangu na rozari yake, mimi na wino kuchani.
Kila Julai alipita mbele ya dirisha langu,
mshipi wa rangi ya chungwa begani,
ngoma zikitetemesha herufi za risasi katika trei zangu
(risasi ya kuchapia, si ile nyingine),
wala shingo hakuigeuza.
Jumatatu yake alikuja kulipa.

Kisha baba akafa.
Haslett alifika hadi lango la kanisa letu, akakomea hapo.
Kiapo cha undugu wake hakikumruhusu
kuvuka kizingiti misa ikisomwa.
Basi akasimama nje, saa nzima na robo,
kofia mkononi, mvua ya Februari ikimchapa
kuliko nilivyowahi kumchapa mimi,
na tulipotoka na jeneza
maji yalikuwa yakichuruzika kwenye pindo za koti lake.
Hakusema pole.
Alisema, "Alikuwa mtu wa hesabu safi."
Mpaka leo sijui kama niliudhika au nilishukuru.

Walipoketi meza moja kule kilimani, hasimu kwa hasimu,
yeye alisema ndiyo.
Neno fupi. Sikuwahi kulichapa.
Usiku huohuo wakamwandikia MSALITI ukutani,
herufi zimepinda, nafasi hovyo,
nami nilipopita asubuhi, Mungu anisamehe,
jambo la kwanza nililoona aibu nalo lilikuwa mwandiko.

Uchaguzi uliofuata aliangushwa kwa kura arobaini na moja.
Hata hivyo, miaka minne baadaye, akapiga simu.
"Mia tatu, Devenney. Za plastiki, zisilowe.
Neno libaki vilevile.
Uso wangu uondoe."
Nikachapa. Hakuja kuzichukua.
Moyo ulimsimama akiwa anafunga kamba za viatu.

Zilikaa stoo miezi kadhaa, na stoo yangu ni ndogo.
Nikaezekea banda.
Ndiyo maana kuku wa Malachy Devenney,
Mkatoliki, mtoto wa Mkatoliki,
wanalala chini ya Muungano.

Bi Isobel alikuja Jumanne na kijitabu cha hundi.
Alikuta deni katika daftari la marehemu, limepigiwa mstari mara mbili.
Nikakataa, akashikilia, nikakataa.
Akachungulia uani, akaliona banda,
akasoma neno lile mara nyingi, mbao hadi mbao.
Akacheka, au alikohoa.
"Wilbert angeuliza jambo moja tu," akasema.
"Paa linavuja?"

Linavuja, nikamwambia.
Upande wa kaskazini.